Waya Uliobaki Ndani

Plagi ilichomoka kwenye injini kwa kishindo, ikapita karibu na sikio la Nangila, ikaangukia katikati ya nyanya. Pampu ilikohoa mara moja, ikanyamaza. Mpira wa maji uliokuwa umevimba ukalala chini, na maji yaliyokuwa mtaroni yakatambaa kidogo, yakapungua, mwishowe yakanywewa na udongo mbele ya macho yake.

Hii ilikuwa mara ya pili. Mara ya kwanza plagi ilipolegea aliirudisha kwa spana, lakini ikawa inazunguka tu bila kushika, maana meno ya lile tundu yalikuwa yameisha. Mjane asiye na fundi wa kumwita hujifanya fundi mwenyewe. Alichukua waya wa kufungia uliobaki walipojenga choo, akauzungushia plagi, akaikaza kwa nguvu zake zote. Ikashika. Pampu ikamwagilia siku nzima, naye akajisifu kimoyomoyo, hata akaimba akihamisha mpira.

Sasa aliiokota plagi kutoka matopeni na kuikagua. Waya ulikuwa umekatika. Kipande kimoja kilikuwa bado kimeng'ang'ania plagi, na kingine alikipata kwenye majani. Aliviweka kiganjani, akavinyoosha, akavilinganisha na urefu wa ule aliokuwa ameukata. Havikutimia. Aliinama kuchungulia ndani ya tundu, na hakuona kitu ila giza.

Alisimama akayatazama maua ya nyanya, manjano, yamefunguka shamba zima. Ilikuwa Februari, na Bumula yote ilikuwa vumbi tupu. Ua la nyanya likikosa maji kwa kiangazi kama kile halisubiri, linaanguka. Na maua yakianguka, shamba nalo lingekwenda. Mumewe alipofariki, Kundu, ndugu wa marehemu, alitaka kipande hiki cha kando ya mto akikodishe kwa mtu wa miwa. Nangila alikuwa amesimama mbele ya wazee wa ukoo, akaomba apewe kiangazi kimoja aonyeshe kwamba shamba linaweza kumlisha. Wakampa kimoja. Kikimshinda, miwa inaingia, na hakuna wa kumsikiliza tena.

Alivitia vile vipande vya waya mfukoni mwa rinda lake.

* * *

Bungoma mjini, kwenye duka la vipuri, aliweka plagi juu ya kaunta na kueleza. Mwenye duka, Issack, aliitazama plagi, kisha akamtazama yeye.

"Mama, nani alikuwa anafunga hii?"

"Ni mimi."

Wanaume waliokuwa wakingoja zamu yao walicheka. "Ati ni mama mwenyewe," mmoja wao alisema. "Si ungeita fundi tu, bana."

Nangila aliona uso ukimshuka. Alijikaza, akashika mkoba wake kwa mikono miwili. Issack hakucheka. Alimwelekeza aje pembeni kidogo, mbali na wale watu.

"Hedi ya hii pampu, hii kichwa ya injini, ni aluminiamu, na aluminiamu ni laini," alisema. "Ukiingiza plagi kama imepinda kidogo, ukakaza na spana, inakula meno. Na hedi yake haiuzwi peke yake. Unanunua pampu nzima."

"Siwezi nunua pampu."

"Najua. Lakini kuna njia. Ile tundu inapanuliwa, inachongwa meno mapya, halafu inaingizwa springi ya chuma. Plagi inafunga ndani ya hiyo springi. Ikifanywa vizuri inakuwa ngumu kushinda ya kiwanda."

"Wewe unafanya?"

"Mimi nauza tu, mama. Mafundi wenye naona hapa wataweka gluu, na gluu itaruka siku ya kwanza. Kitale najua iko wenye hiyo vifaa. Huna mtu Kitale?"

Nangila aliirudisha plagi mkobani. Alikuwa na mtu Kitale, na hiyo ndiyo iliyokuwa taabu yenyewe.

Mtu huyo alikuwa Mukhisa, mume wa binti yake Nasambu, fundi wa injini anayejulikana. Lakini alikuwa mkwe. Katika ukoo huu ukwe ulikuwa bado unashikwa kama zamani. Mkwe na mama wa mkewe hawashikani mikono, hawaketi chumba kimoja, hawatazamani usoni wala hawasemezani. Wakikutana njiani mmoja huiacha njia, akaingia hata kwenye miiba. Wenzao wa mjini walikuwa wameyalegeza mambo haya, wakapeana zawadi na kuanza kusalimiana. Katika ukoo wao, Kundu hakutaka kusikia habari hizo. Siku mume wa Nangila alipozikwa, Mukhisa alishinda juani akisimamisha turubai na kubeba mitungi ya maji, na Nangila, akiwa ndani pamoja na wanawake, alisikia sauti yake tu. Shukrani alizokuwa nazo alibaki nazo kifuani mpaka leo.

* * *

"Mama, ngoja nimuulize," Nasambu alisema kwenye simu.

Nangila aliisikia sauti ya Mukhisa ikijibu palepale kando ya simu, kila neno likimfikia waziwazi. Alijifanya hajasikia, akasubiri binti yake, aliyemwita mumewe kwa jina la mtoto wao, amrudishie.

"Baba Viola anasema tundu inatengenezeka. Anauliza bolti za hedi zinafunguka?"

"Mwambie zimeshikwa na kutu zote."

Sauti ya kiume ikasema kitu tena.

"Anasema basi hatafungua hedi. Bolti moja ikikatika ndani itakuwa kazi ingine. Atafanya ikiwa hivyo hivyo, polepole. Tunakuja kesho." Nasambu alisita. "Lakini mama, zile vifaa ni za Gichuki, mwenye gereji. Amekubali apewe, lakini ameshika kitambulisho ya baba Viola. Ati mafundi wanapotea na vitu za watu."

"Amemwambia hivyo mbele ya watu?"

"Mbele ya gereji yote."

Nangila alifumba macho. Mwanamume mzima, anayeaminiwa na watu kwa magari yao, alikuwa ameacha kitambulisho kama mwizi kwa ajili ya pampu ya mama mkwe. Hapo ndipo alipopaswa kusema habari za waya. Neno lilifika ulimini, akalimeza, kwa kuwa aliona aibu za siku hiyo zimetosha.

* * *

Kando ya shamba kulikuwa na kibanda cha nyasi alichokuwa akilalia kulinda nyanya zisiibwe. Ndani ya kibanda hicho ndimo Nangila alimoingia alipoona watu wakiteremka kutoka barabarani, akaketi chini, akavuta leso hadi kwenye paji la uso. Kuta za nyasi zilikuwa na nafasi. Aliweza kuona pampu hatua chache tu kutoka hapo, miguu ya Mukhisa, mikono yake, na begi la zana likifunguliwa juu ya gunia. Uso wake hakuutafuta.

Kundu alikuwa amekuja pia. Hakuna aliyemwita. Aliketi juu ya kreti ya nyanya aliyoipindua, akaweka fimbo katikati ya magoti.

"Naona maua imeanza kuanguka," alisema kwa sauti iliyokusudiwa kufika kibandani. "Mtu wa miwa alinipigia tena jana."

"Baba mdogo, tuone kwanza kama itapona," Nasambu alisema.

"Tuone. Si ndiyo tuko hapa."

Mukhisa alifanya kazi bila haraka. Alivuta kamba ya kuwashia injini taratibu mpaka pistoni ikapanda juu, ili uchafu usipate pa kwenda. Alichukua chombo cha kuchongea meno, akakipaka grisi nzito kwenye mifereji yake.

"Mbona unaongeza grisi hivyo?" Kundu aliuliza.

"Ishike vumbi ya aluminiamu, mzee. Isianguke ndani."

Akakiingiza, akazungusha nusu raundi, akarudisha nyuma kidogo, akazungusha tena. Baada ya muda mfupi alikitoa, akapangusa grisi iliyojaa vumbi la fedha, akapaka nyingine. Nangila alikuwa akifuatilia kwa jicho moja kwenye tundu la nyasi. Aliona lile tundu likipanuliwa, meno machache mabovu yaliyobaki yakiondolewa yote, na akaogopa. Ilionekana kama kuharibu.

Kisha Mukhisa akafungua kifuko kidogo na kutoa springi. Nangila alishika mdomo. Ulikuwa waya. Waya wa chuma uliosokotwa duara juu ya duara, mpana kiasi cha plagi, umenyooka na kung'aa. Kumbe alichokuwa amefanya yeye kwa waya wa choo kilikuwa na jamaa yake huko kwa mafundi, ila wake ulikuwa laini, umekwenda upogo, na tundu halikuwa limeandaliwa. Nusura atabasamu. Kisha akakumbuka kile kipande ambacho hakuwa amekipata.

Kabla ya kuingiza springi, Mukhisa alimgeukia mkewe.

"Muulize mama kama kuna kitu yoyote iliingia ndani plagi ikiruka. Hata kitu kidogo."

Alikuwa karibu kiasi kwamba Nangila angeweza kumjibu kwa kunong'ona. Lakini Nasambu alikuja hadi mlangoni mwa kibanda, akainama, akarudia swali lote kama kawaida.

"Mama, anauliza kama kuna kitu iliingia ndani."

Nangila alimtazama binti yake, kisha akatazama fimbo ya Kundu kupitia nyasi. Aliona namna itakavyokuwa. Neno lingetoka kwake kwenda kwa Nasambu, likapita mbele ya Kundu kabla ya kufika kwa fundi. Jioni hiyo Bumula nzima ingejua kwamba mjane alifunga injini kwa waya wa choo, na wazee wangeuliza shamba linawezaje kuachiwa mtu wa akili hizo. Hakukuwa na njia ya kumwambia mkwe peke yake. Mila haikuacha njia hiyo.

"Mwambie hakuna," alisema.

"Anasema hakuna," Nasambu alisema.

"Sawa," Mukhisa alijibu, akaamini. Nangila aliumia zaidi kwa kule kuaminiwa.

* * *

Springi iliingia vizuri. Mukhisa alipangusa tundu, akaingiza plagi mpya kwa vidole tu, na plagi ikazunguka na kuteremka bila kulazimishwa, mpaka ikakataa yenyewe. Ndipo akaigusa na spana kidogo.

Simu ya Kundu ililia. Aliinuka, akasogea kuelekea njiani, akipaaza sauti: "Ndiyo, niko hapa shambani kwenyewe. Wewe ngoja tu, ni leo tutajua."

Mukhisa alifungua petroli. Akaweka mguu mmoja juu ya fremu ya pampu, akaikamata kamba.

Ndani ya kibanda Nangila alikuwa amesogeza jicho hadi kwenye nyasi. Alimwona mkwe akivuta pumzi. Akamwona akirudisha bega nyuma. Akivuta kwa nguvu mara hii, injini ikashika, kile kipande cha waya kitapigwa na pistoni mara elfu kabla mtu hajafikia swichi. Injini itakufa. Na Kundu atasema fundi wa Kitale ameua pampu ya mjane, na Gichuki atasikia, na kijana wa watu atakuwa ametoa kitambulisho chake ili aje kuharibikiwa jina.

Alitoka nje. Hakukumbuka kusimama, alijikuta tu yuko juani, leso imemwanguka mabegani.

"Baba Viola, usivute."

Mukhisa aliiachia kamba kana kwamba imemchoma. Aligeuza uso upande wa mto palepale, akainua mkono akajikinga jicho. Nasambu aliyekuwa ameshika mpira wa maji alibaki mdomo wazi.

"Mama," Nasambu alisema. "Mama, rudi ndani."

"Sitarudi. Nilidanganya." Sauti ilimtoka nyembamba, lakini ilitoka. "Kuna waya ndani. Nilifunga plagi na waya, ikakatika. Kipande moja sijaiona mpaka leo."

Ng'ambo ya mto mtu alikuwa akipasua kuni. Mukhisa alikuwa bado ametazama mbali, na alipojibu hakumtuma Nasambu. Aliongea na mto.

"Ni waya ya chuma, mama?"

"Ya kufungia. Ya chuma."

"Basi iko na dawa."

Alipiga magoti, akafungua plagi tena. Kutoka chini ya begi alitoa kijiti chembamba chenye sumaku nchani. Hakuwa amekitumia kabla, kwani sumaku haishiki aluminiamu, na yeye alikuwa ameambiwa hakuna kingine mle ndani. Alikiingiza kupitia springi, akakizungusha taratibu akisikiliza kwa vidole. Akakitoa kikiwa kitupu. Akasogeza pistoni chini kidogo, akaingiza tena, akainamisha kuelekea ukutani. Nangila alisimama nyuma yake, mikono kifuani, akisali bila maneno.

Mara ya tatu kilitoka na kipande cha waya, kifupi kuliko ukucha, kimepinda, cheusi kwa moshi.

"Hiyo ni nini?"

Kundu alikuwa amerudi. Alisimama na simu mkononi, akitazama sumaku, kisha akamwona Nangila amesimama hatua mbili kutoka kwa mkwe wake, kichwa wazi. Uso wake ulikunjamana. Lakini alianza na lile la karibu.

"Nauliza hiyo ni nini imetoka kwa injini."

Mukhisa alikifumbata kipande kile.

"Ni yangu, mzee. Iliniponyoka nikifanya kazi. Nimeitoa."

"Iliponyoka." Kundu alicheka kwa pua. "Fundi wa kutoka Kitale, anaacha vyuma ndani ya injini ya mjane. Hata sisi tusiosoma injini hatuwezi fanya hivyo. Kweli huyu ndiye mlisema atatusaidia?"

Mukhisa aliinamisha kichwa, akakubali. Nangila aliona shingo yake ilivyoinama, ikiwa na mstari wa jasho na grisi, na akajua angeweza kunyamaza. Ulikuwa mlango umefunguliwa kwa ajili yake. Alichotakiwa ni kuvuta leso na kurudi kibandani, na lawama ingeondoka pamoja na mkwe hadi Kitale. Alitia mkono mfukoni. Vile vipande viwili vilikuwa bado humo. Akavitoa, akaviweka juu ya tangi la pampu, mbele ya Kundu.

"Shemeji, anadanganya kwa sababu ananiheshimu. Ni yangu. Hivi ndivyo vipande vingine. Nilifunga injini na waya ya choo, na alipouliza nikasema hakuna, kwa sababu yako."

"Kwa sababu yangu?"

"Sikutaka usikie. Nimekuwa nikiogopa kinywa chako kushinda nilivyoogopa injini kufa."

Kundu alivitazama vile vipande. Kisha akashika lile lingine, la ukwe.

"Umeongea na mkwe wako. Usoni."

"Nimeongea."

"Unajua hayo ni mambo ya wazee. Utatozwa."

"Waite. Nitawaambia mimi mwenyewe, hii ya waya na hii ya kuongea. Mbuzi wakitaka nitatoa. Lakini wakuje hapa shambani, wasikae nyumbani kwako. Waone na maji."

Kundu alimwangalia Nasambu, kana kwamba binti angemsaidia kumrudisha mama yake mahali pake. Nasambu alikuwa akilia bila sauti, akiushika ule mpira. Mzee akarudi kwenye kreti yake, akaketi, akainamia fimbo. Kuondoka alikuwa hajaondoka. Alikuwa bado anangoja kuona injini ikishindwa.

Mukhisa alirudisha plagi kwa vidole, akaigusa na spana, akasimama. Aliwapa wote mgongo, akatazama mtoni.

"Nasambu," alisema, na sasa ilikuwa sauti ya adabu, ya kupitia mtu wa tatu, ingawa kila mmoja alimsikia. "Mwambie mama akifunga plagi aanze na mkono, mpaka ikatae. Spana ni ya mwisho. Na mwambie ile akili yake ya waya ilikuwa karibu. Hata sisi tunaweka waya."

"Mama, anasema..."

"Nimesikia."

"Mwambie pia avute kamba yeye. Pampu ni yake."

Nangila alijifunga leso kiunoni. Akaweka mguu juu ya fremu kama alivyomwona akifanya. Akavuta, injini ikaguna. Akavuta tena, ikaguna. Kundu alikohoa. Nangila alivuta mara nyingine kwa mwili wote, na pampu ikashika, ikanguruma, plagi ikiwa imetulia mahali pake. Mpira ulijikunja, ukavimba. Maji yalitapika mtaroni yakiwa na matope, kisha yakawa safi, yakaanza kushika mstari wa kwanza. Maua mengi yalikuwa yamekwisha kuanguka, yametapakaa chini na kukauka. Yale yaliyobaki hayakuwa mengi, lakini yalikuwepo, na maji yalikuwa yakiyaendea.

Nangila alisimama kando ya injini. Mkwe wake alikuwa bado amempa mgongo. Kwa kelele zile Kundu na Nasambu wasingesikia neno, ila yeye aliyekuwa karibu tu, na labda ndiyo sababu Nangila aliweza kusema.

"Siku ya kumzika baba Nasambu ulibeba maji tangu asubuhi," alisema. "Nilisikia sauti yako. Sikukuambia asante. Nilitaka. Kila siku nilitaka."

Mukhisa hakugeuka. Alivua kofia yake yenye grisi, akaishika kwa mikono miwili mbele ya tumbo, akasimama hivyo akitazama mto mpaka mama mkwe alipomaliza kusema.